Ufunguo na sertifika: gisi mtu wa majengo aligeuka mlinzi wa filme za zamani

Mwezi uliopita mtoto wa yaya yangu, kaka yangu mkubwa, yule mwenye kupiga video za ndoa hapa Bukavu, alinikuta nyumbani ninaangalia The General, filme ya bubu ya Buster Keaton, ku kompyuta. Akasimama mlangoni, akaangalia kidogo, akauliza, baba mdogo, hii walitengeneza lini? Nikamwambia 1926. Hakuamini, juu picha ilikuwa safi sana, hakuna mikwaruzo, unaona mpaka nyuzi za koti la yule bwana. Nikamweleza kama mu watu waliolipa ili isafishwe muko mtu mmoja wa New York mwenye kujenga na kupangisha majengo ya biro. Akacheka. "Huyo anatafuta nini humo, nyumba hazimtoshi?"

Swali lake lilinibakia mu kichwa wiki nzima, juu watu wengi wanafikiri kulinda filme ni kuweka kaseti mu sanduku na kufunga sanduku, basi imeisha. Ningekuwa na jibu fupi ningempa palepale. Haya maneno yana mizizi mingi, acha niyafungue polepole.

Huyo mtu anaitwa Charles S. Cohen. Majengo ni kazi ya familia yake, kompani inaitwa Cohen Brothers Realty. Mwaka 2008 akaanzisha kompani ya sinema, Cohen Media Group, na mwaka huohuo jina lake likawa kati ya watayarishaji wa Frozen River, filme ndogo ya makuta kidogo iliyofika mpaka kushindania Oscar. Kiisha akaanza kununua. Mu 2011 alichukua maktaba ya Rohauer, zaidi ya filme 700, na humo njo muko Keaton. 2014 akanunua sale ya sinema ya Quad kule Greenwich Village, akaifunga, akaitengeneza, akaifungua tena Aprili 2017. 2015 akachukua filme za Merchant Ivory. 2018 akanunua Landmark, mlolongo wa sale za Marekani, 2019 akavuka mpaka Uingereza akanunua Curzon.

Ukiangalia hiyo orodha haraka utasema ni tajiri anacheza na makuta yake. Mimi naona tofauti. Huyu alifanya ku filme kile alichojua kufanya ku parsele, yaani viwanja, na sisi watu wa Bukavu tuko na bahati ya kuelewa haya maneno haraka kuliko wengine, juu hakuna mtu hapa asiyejua kesi ya parsele.

Angalia. Mtu anaweza kuwa na ufunguo wa nyumba, analala humo miaka ishirini, watoto wamezaliwa humo, siku moja anakuja mwingine na sertifika ya anrejistrema mkononi, ile karatasi ya serikali ya kumiliki, na yule wa ufunguo anatoka. Na kunaweza kuwa mtu mwenye sertifika nzuri kabisa, lakini nyumba yenyewe mvua imeshaiangusha, amebaki na karatasi na udongo. Tena kuko nyumba nzima yenye karatasi nzuri lakini iko mahali hakuna mtu anataka kupanga, inakaa giza mpaka inaoza. Filme iko vilevile. Kuna mwili wake, yaani bobini, negativu, kaseti. Kuna haki, njo ile sertifika. Halafu kuna watu wa kuiangalia, wapangaji. Ukiokoa kimoja ukaacha viwili hujaokoa kitu, na mara nyingi hivi vitatu viko mu mikono ya watu watatu wasiosalimiana.

Tuanze na mwili, juu hapo njo kifo kinapita kila siku na watu hawakioni.

Filme za zamani zile za mbele ya 1951 hivi zilikuwa nyingi zinapigwa ku nitrati, kitu ndugu wa baruti. Inawaka kwa urahisi, na ikishawaka huwezi kuizima na maji, juu inajitengenezea hewa yake yenyewe ya kuwakia. Julai 1937 ghala la kompani ya Fox kule New Jersey liliungua, filme nyingi za bubu zikaisha usiku mmoja. Kisha nitrati ikafuatwa na aseteti, ambayo waliita ya usalama, na kweli haiwaki hivyo, lakini iko na ugonjwa wake: joto na unyevu vikiingia inaanza kutoa asidi, unafungua boksi unasikia harufu ya siki, mkanda unajikunja, unakauka, unavunjika kama chapati ya juzi. Na ile asidi inaongeza kuoza, yaani ugonjwa unajilisha wenyewe, na bobini moja ikigonjwa inaambukiza zile ziko karibu. Rangi nazo zinakimbia, njo maana filme nyingi za miaka ya 1960 na 1970 sikuizi unazikuta zimegeuka pinki.

Halafu kaseti za video, zile VHS na Betacam zetu za ndoa, za matanga, za mikutano ya kanisa. Watu wanafikiri hizi ni za juzi kwa hiyo ni nzima. Hapana. Gundi inayoshika ule unga wa sumaku inakunywa unyevu, mkanda unanata mu mashine. Na mashine yenyewe haitengenezwi tena, kompani ya mwisho kutengeneza deki za VHS, Funai ya Japani, iliacha mu 2016. Kwa hiyo hata kaseti yako ikiwa nzima, kuna siku utakuwa nayo mkononi na hakuna mlango wa kuiingiza.

Mtu atasema basi tuweke yote mu disiki ya kompyuta, imeisha. Disiki inakufa pia, tena inakufa bila kutoa harufu. Kuran ikikatika vibaya, ikidondoka, au ikikaa kabatini miaka kumi bila kuwashwa, unaweza kuichomeka ukasikia paka tik tik tik.

Nataka msomaji aelewe ukubwa wa hasara. Mu 2013 Maktaba ya Bunge la Marekani ilitoa uchunguzi wa David Pierce juu ya filme ndefu za bubu zilizotengenezwa kule, karibu 11,000. Zile ziko nzima gisi zilitoka mwanzo ni asilimia 14 tu. Na hiyo ni Marekani, penye makuta na maghala ya baridi. Fikiria sisi.

Sasa haki. Hapa njo watu wanapotea.

Kisa cha Keaton ni kizuri kwa hili. Huyu jamaa wa wakati wa Charlot, yaani Charlie Chaplin, alikuwa mkubwa sana mu miaka ya 1920, kiisha akashuka, pombe, ndoa ikavunjika, studio ikamnyang'anya uhuru wa kazi yake. Nyumba yake kubwa ya zamani ikanunuliwa na mwigizaji wa Uingereza, James Mason, na Mason akakuta mule ndani bobini za nitrati za Keaton zimesahaulika. Mu 1954 Keaton akakutana na Raymond Rohauer, mwenye kuonyesha filme ku sale moja ya Los Angeles. Rohauer akazichukua, akazikopi mbele zioze, na hapohapo akaanza kazi ya pili, ile ambayo wengi hawakumpendea: kutafuta karatasi. Alifuata warithi, alinunua haki, aliandika mikataba, alipeleka watu mahakamani, wengine walimwita mnyang'anyi. Mimi simtetei kwa kila kitu alichofanya. Lakini bila yule mtu wa kesi na mihuri, zile bobini zingekuwa ufunguo bila sertifika, na hakuna kompani ingetia makuta yake mu kuzisafisha. Rohauer alikufa 1987, maktaba yake ikapita mikononi mwa wengine, mpaka Cohen akaichukua.

Hapo muulize Cohen alinunua nini hasa. The General yenyewe kule Marekani haina mwenyewe tena, haki yake iliisha zamani, mtu yeyote anaweza kuikopi na kuiweka ku intaneti. Sasa kwa nini ulipe? Juu kile watu wote wanaweza kukopi bure ni kopi ya kopi ya kopi, nyeusi, imekwaruzwa, kichwa cha mtu kimekatwa juu. Mwenye bobini nzuri za zamani na mwenye kulipa kazi ya kuzisafisha njo anapata ile masta mpya, yaani kopi mama, na ile masta njo anapangisha ku masale, ku televizyo, ku diski. Ni kama kiwanja cha komini ambacho kila mtu anapita, lakini wewe njo ulichimba kisima humo.

Na hiyo kazi ya kusafisha si mchezo. Filme ya dakika 90 inayokimbia picha 24 kila sekunde ina picha 129,600. Kila moja inapita mu skana, moja moja. Mbele ya hapo mtu amekaa na gundi na mkasi anatengeneza matundu ya pembeni yaliyochanika, kisha wanaosha mkanda, kisha wanaskani, kisha wanakaa miezi mbele ya ekrani wanaondoa madoa. Kwa Keaton, Cineteca di Bologna ya Italia na kompani ya Cohen walianza mradi 2015, na kazi ya kwanza haikuwa mashine, ilikuwa kutafuta kopi mu maghala ya nchi mbalimbali na kuzilinganisha, hii iko na mwanzo mzuri, ile iko na mwisho mzuri, ya tatu iko na sekunde kumi ambazo hazipo penginepo. Mimi hapo njo napenda zaidi. Ni kama kukusanya familia iliyotawanyika na vita, mmoja yuko Uvira, mwingine kambi ya Nakivale kule Uganda, mwingine Ulaya, na kila mmoja anakumbuka kipande chake cha habari.

Sasa, kwa nini mtu huyohuyo wa filme za bubu anasaidia pia wakurugenzi wapya wasio na kompani kubwa nyuma yao? Kompani yake njo ilipeleka Timbuktu ya Abderrahmane Sissako ku masale ya Marekani, filme ya Mauritania ya 2014 iliyofika ku Oscar. Na ilikuwa na mkono pia mu kusambaza kule The Salesman ya Asghar Farhadi wa Iran, iliyopata Oscar 2017. Mtu anaweza kuona ni kazi mbili mbalimbali. Ni moja. Filme huru ya leo njo yatima wa kesho. Filme ya studio kubwa iko na ghala, iko na maadvoka, iko na watu wanaoikumbusha dunia kila Noeli. Ile ya mtu aliyekopa makuta kwa shemeji, akapiga mu wiki nne, ikazunguka festivali tatu, nani anashika negativu yake miaka thelathini baadaye? Mara nyingi labo imefunga, mtayarishaji amekufa, watoto wake hawajui hata kama kuna kitu cha kurithi. Kwa hiyo kumsaidia mkurugenzi leo, kwa mkataba ulioandikwa vizuri na kopi iliyowekwa mahali panapojulikana, ni kazi ileile ya ulinzi, paka imeanza mapema. Na sale kama Quad njo penye wapangaji wale niliosema: wiki hii filme ya kijana wa leo, wiki ijayo ya babu aliyekufa, watu walewale mu viti vilevile.

Lakini kuna upande wenye kuniumiza, na siwezi kuuruka. Makuta ya haya yote yalitoka ku majengo, na majengo yanabebwa na madeni. Mu 2022 Cohen alichukua mkopo wa zaidi ya dola milioni 500 kwa Fortress, kompani ya makuta ya Marekani. Ikafuata mivutano ya kulipa, wakaenda mahakamani, na mu 2024 Curzon ikauzwa kwa mnada juu ya hilo deni, ikatoka mikononi mwake. Curzon, sale ambazo watu wa London wamezipenda tangu wakati wa babu zao, zilikuwa zimewekwa rehani pamoja na mahoteli na mabiro! Sale haikufanya kosa, watazamaji hawakufanya kosa. Simlaumu mtu aliyetia makuta yake mahali wengine hawakutaka kutia hata franga, na zile filme alizosafisha zimesafishwa, hakuna korti itazirudishia vumbi. Paka nasema, kumbukumbu ikikaa ku mfuko wa mtu mmoja, inakula anachokula na inaanguka anapoanguka.

Njo maana kuna wale waliopita njia nyingine. Martin Scorsese alianzisha The Film Foundation mu 1990 pamoja na wakurugenzi wenzake, si kwa kununua filme bali kwa kutafuta makuta ili maghala yenyewe yafanye kazi, na haki zinabaki kwa wenyewe. Mu 2017, pamoja na FEPACI, ule muungano wa watengeneza sinema wa Afrika, na UNESCO, wakaanza mradi wa urithi wa filme za Afrika, wakilenga filme 50. Soleil Ô ya Med Hondo ilikuwa mu zile za kwanza, ikatibiwa kulekule Bologna mu labo ya L'Immagine Ritrovata. Hapa tajiri hashiki sertifika. Ni polepole, mikutano ni mingi, lakini mmoja akifilisika nyumba haiuzwi.

Na sisi?

Watu wanashangaa nikiwaambia Bukavu ilikuwa na kazi ya filme tangu zamani. Mbele ya uhuru mapadri wa misioni walikuwa na kikundi chao hapa, Africa Films, wakati kule Kasai pande la Luluabourg (Kananga ya leo) kulikuwa Luluafilm ya padri Van Haelst na vichekesho vya Matamata na Pilipili. Zile bobini, zile zilizobaki, nyingi ziko Ubelgiji, mu maghala ya Cinematek Brussels na KADOC Leuven, penye baridi na watu wa kuzitunza. Mwili uko mzima, nashukuru kwa hilo na ninasema kwa moyo. Lakini nyuso zilizo mule ni za mababu zetu, na mjukuu wao wa Kadutu, hapa Bukavu, akitaka kuona bibi yake akicheza lazima aandike barua kwa kifaransa na angoje.

Hata filme zetu wenyewe. Mwezé Ngangura alizaliwa hapa Bukavu mu 1950. La Vie est belle ya 1987, ile na Papa Wemba, aliifanya pamoja na Benoît Lamy wa Ubelgiji. Pièces d'identités ikapata Étalon de Yennenga, zawadi kubwa ya festivali ya Ouagadougou, mu 1999. Ni wangapi kati ya vijana wanaopita Nyawera na kamera begani wameona hata moja ku ekrani kubwa? Filme ya makuta ya nchi mbili tatu, sertifika inakuwa na majina mengi, na kila jina lazima litie sahihi mbele bobini itoke kabatini.

Goma nako, pale Yole!Africa wamefundisha vijana kupiga filme tangu mwanzo wa miaka ya 2000, kazi imekuwa nyingi, lakini ni mji ambao volkano ya Nyiragongo iliuchoma katikati Januari 2002 na ikarudi tena Mei 2021. Lava haichagui nyumba yenye kumbukumbu na isiyo nayo. Kopi moja Goma si kopi. Lubumbashi wale wa Picha, kituo cha wasanii, na msanii Sammy Baloji wamefanya kitu ambacho ninakiheshimu sana, wamechukua picha za zamani za migodi wakazitoa mu makabati wakazirudisha machoni mwa watu, yaani walianza na wapangaji mbele ya ghala.

Sisi hatuna Cohen, na baada ya Curzon sijui kama ningemtaka mmoja peke yake. Lakini kile kitu cha Rohauer, karatasi, hakihitaji milioni. Sheria yetu ipo, ordonansi-lwa nambari 86-033 ya tarehe 5 Aprili 1986, inamlinda mwenye kazi maisha yake yote, na akikufa haki inapita kwa warithi kwa miaka 50. Maana yake ni kama mpiga picha amekufa mwaka jana, warithi wake njo wenye sertifika, hata kama hawajui, hata kama wewe njo uko na kaseti zote chumbani.

Kwa hiyo mtoto wa yaya yangu nilimjibu kwa kumchukua. Kuna mama mmoja mjane hapa mjini, bwana yake alikuwa na studio ya video tangu miaka ya 1990, ndoa, misa, mechi za mpira, wakimbizi wakipita barabarani mu 1994. Aliacha kaseti 64 mu sanduku la mabati chini ya kitanda. Mbele ya kugusa hata moja tulikaa naye, na watoto wake watatu, tukaandika ukurasa mmoja: kaseti ni zao, kopi ni zao, sisi tunaruhusiwa kuonyesha lakini si kuuza, mtu akitaka kununua anakuja kwao. Kila mmoja akatia sahihi. Mama akauliza, hivi hizi ziko na bei? Nikamwambia leo hapana, lakini kesho mtu asije akakwambia si zako.

Kijana alipata deki ya VHS iliyofufuliwa na fundi wa pale Essence, hapa mjini. Tunafanya usiku, kuran ikirudi, kaseti moja inakula muda wake wote hakuna kuharakisha. Tumefika ya 11. Zote ziko mu disiki mbili, moja iko kwangu na ya pili nilimpa mtu aliyekuwa anasafiri Lubumbashi akaipeleke kwa shemeji yangu. Ya 12 ina ukungu mweupe ku mkanda, tumeikatalia mashine, tumeiacha mahali pakavu ikauke kwanza. Ku lebo marehemu ameandika kwa biki ya bluu: Kadutu, Pasaka, 1993.